Mstari wa 42: kisa cha wimbo wa wakati uliokataa kuimbika

Kikundi kidogo cha waandishi na waigizaji wa hapa Dar es Salaam kilikuwa kinatengeneza simulizi ya kusikiliza kwenye simu. Simulizi inatokea Telewani, visiwa vya kubuni visivyo na saa ya ukutani wala kalenda ya karatasi. Katikati yake ipo sherehe kubwa, Mvuko, ambayo haifanyiki bila wimbo. Waigizaji walikuwa tayari, sehemu za mwanzo zilikuwa zimesharekodiwa, wimbo ndio uliogoma. Mimi huwahariria mashairi, kwa hiyo ulinifikia ukiwa umeandikwa na kuandikwa upya, kila aliyeusoma akiusifu na hakuna aliyetaka kuuimba.

Nakieleza kisa hiki kwa kirefu kwa sababu naona waandishi wetu wa ulimwengu wa kubuni wanakwama hapohapo mara nyingi. Wanachora ramani, wanapanga koo na vita na mizimu kwa uangalifu mkubwa, kisha wakifika kwenye nyimbo wanaandika shairi la darasani na kumpa mhusika aliimbe.

Telewani ina miezi miwili angani. Mkubwa watu wanauita Bibi, nao hujaa kila baada ya siku 28. Mdogo wanauita Mjukuu. Huo una mbio, hujaa kila baada ya siku 12. Bibi akizunguka mara 3, Mjukuu keshazunguka mara 7, na siku ya 84 wote wawili wanajaa usiku mmoja. Siku hiyo bahari hujaa kuliko kawaida na hupwa kuliko kawaida, na inapopwa hutokeza fungu la mchanga kati ya kisiwa wanachoishi watu na kisiwa walikozikwa wazee wao. Watu huvuka kwa miguu, huzuru makaburi, hurudi kabla maji hayajageuka. Huo ndio Mvuko. Mwandishi wa simulizi, kijana mwenye subira ya hesabu, alikuwa ameyapanga haya yote kwenye daftari kabla hajaandika hata neno moja la mazungumzo.

Wimbo wake ulianza hivi:

Ewe wakati mkuu,
Upitaye juu juu

Ukaendelea kuusifu wakati kwa beti kadhaa, ukasema unatuzaa na kutuzika, na ukafika mahali ambapo saa 6 ya usiku inagonga na mwaka unageuka. Mizani zilikuwa 8 barabara kila mstari, vina vilikaa. Arudhi haikuwa na neno.

Swali lililofungua njia lilikuwa hili: tukiuondoa wimbo, Mvuko utaharibika vipi? Tulilijibu kwa unyoofu. Hautaharibika. Watu wa Telewani watakusanyika, watavuka, watazuru, watarudi, na hakuna atakayekosa kitu ila msikilizaji aliyekuwa anangoja muziki. Wimbo ulikuwa unawaeleza watu habari wanayoijua tangu utotoni, kwamba wakati unapita. Nani atavua viatu usiku, abebe mtoto mgongoni, aingie kwenye mchanga wa bahari ili aambiwe hilo?

Mfano ulio karibu nasi uko ng'ambo tu ya maji. Makunduchi, kusini mwa Unguja, kila Julai hufanyika Mwaka Kogwa, sherehe ya kuingia mwaka mpya kwa hesabu ya Nairuzi. Mwaka huo ni wa jua, una siku 365, na wazee wa Pwani waliuhesabu kwa miongo, yaani makumi: miongo 36, halafu siku 5 za kubakia. Wanaume hupigana kwa mapande ya migomba, kibanda cha makuti huchomwa moto, wanawake waliopendeza hupita wakiimba. Hakuna anayesimama mbele kuhutubia kuhusu wakati. Mwaka unaogwa, unapigwa, unachomwa, na nyimbo ni sehemu ya kazi hiyo. Anayekaa pembeni bila kuimba wala kupigana anatazama tu. Mwaka wanaugeuza waliomo ndani.

Nikamwambia mwandishi kwamba wimbo wake lazima upewe kazi. Telewani hakuna saa wala kalenda. Basi nani anajua kwamba leo ni siku ya 84? Miezi yaweza kufichwa na mawingu wiki nzima. Alinyamaza kidogo, akasema, "Wimbo ndio unajua."

Hapo kila kitu kilibadilika.

Saa 6 ya usiku tuliiondoa haraka. Siku kuanza katikati ya usiku ni jambo la watu wenye saa. Wazee wetu wa Pwani siku yao huanza jua likizama; usiku wa Ijumaa kwao ni ule unaoingia Alhamisi magharibi. Hapa kwetu hesabu hiyo inafaa sana, kwa kuwa Dar es Salaam iko karibu nyuzi 7 tu kusini mwa Ikweta na tofauti kati ya mchana mrefu kuliko yote na mfupi kuliko yote haifiki saa moja. Jua linazama kwa adabu mwaka mzima. Telewani nayo iko kwenye joto la Ikweta, kwa hiyo siku ya Mvuko inaanza magharibi, watu wanakusanyika, na njia inafunguka baadaye maji yakishapwa.

Yanapwa lini? Hili halikuhitaji kubuniwa. Katika pwani ya Dar es Salaam, siku za bamvu, yaani siku ambazo bahari hujaa na kupwa kuliko kawaida, maji hupwa kabisa mnamo saa 4 asubuhi na tena saa 4 usiku, na kati ya kujaa na kupwa kunakuwa na zaidi ya mita 3. Aliyewahi kusimama Kunduchi au Msasani siku hizo ameona bahari ikiondoka mpaka ngalawa zinalala ubavu kwenye matope. Mwandishi akachukua saa 4 ya usiku: watu wanavuka chini ya miezi miwili iliyojaa, mchanga mweupe, hakuna haja ya mwenge. Ilipendeza, na ilikuwa kweli.

Kisha tukajenga wimbo upya. Kila mstari ni siku moja, kwa hiyo mistari 84. Umbo tulilolichagua ni la utenzi: mistari 4 kwa ubeti, mizani 8 kwa mstari, mistari mitatu ya kwanza ina kina kimoja na wa nne unabeba bahari ya wimbo mzima, yaani kina kinachorudi mwisho wa kila ubeti, ambayo tuliifanya -ni. Mistari 84 kwa ubeti wa mistari 4 ni beti 21. Mzunguko wa Mjukuu, siku 12, unakuwa beti 3 kamili. Mzunguko wa Bibi, siku 28, unakuwa beti 7 kamili. Namba hizi mwandishi alizichagua kwa ajili ya maji ya visiwa vyake, hakujua kwamba utenzi ungezipokea vizuri namna hiyo.

Ngoma zikapata kazi zao. Chapuo, ngoma ndogo, inalia mwisho wa kila ubeti wa tatu, kwa ajili ya Mjukuu. Vumi, ngoma ya sauti nzito, inalia mwisho wa kila ubeti wa saba, kwa ajili ya Bibi. Zinakaribiana mwisho wa ubeti wa 6 na wa 7, chapuo ikitangulia. Zinakaribiana tena kwenye wa 14 na wa 15, safari hii vumi ikitangulia. Na hazilii pamoja mpaka ubeti wa 21. Mtoto wa Telewani ambaye hajui kuhesabu anajua kwa sikio tu kwamba ngoma mbili zikigonga kwa pamoja, usiku umefika. Mtunza wimbo wa kijiji huongeza mstari mmoja kila magharibi, na anayetaka kujua leo ni siku ya ngapi huenda kibarazani kwake kusikiliza wimbo umefika wapi.

Ubeti wa kwanza ukawa huu:

Ya kwanza maji yarudi
Ya pili Bibi hazidi
Ya tatu ni ya baridi
Ya nne twatoka pwani

Beti zinazofuata zinaacha kutaja namba na kuanza kutaja kazi: siku ya kushona nyavu, siku ya kutotia jahazi majini, siku ya kupeleka mahari. Sitazipitia zote. Ziliandikika kwa urahisi mara zilipopata sababu ya kuwepo.

Kwa mazoezi, kikundi kilimwomba bibi mmoja wa Magomeni aliyekuwa manju, yaani kiongozi wa nyimbo, wa ngoma za wanawake kwa miaka mingi aje asikilize. Vijana wakampa kiti, wakamsalimu, wakakaa kwenye mkeka na kuanza. Alisikiliza beti chache, akainua mkono.

"Wajukuu zangu, hawa watu wenu wanaimba wamekaa?"

"Hapana bibi, wanavuka."

"Basi nyinyi mmekaa kwa nini?"

Akawasimamisha, akawazungusha uani. Ndipo ilipoonekana kwamba kila mizani inadai hatua yake. Mstari una mizani 8, hatua 8. Kiitikio nacho kikarekebishwa palepale kiwe na mizani 8, kwa maneno aliyoyapendekeza mmoja wa waigizaji:

Tembea, maji yalala

Mstari na kiitikio chake ni hatua 16. Mara 84, ni hatua 1,344. Kwenye mchanga wa majimaji hatua ni fupi. Tukizichukulia kuwa sentimita 67, zinafika mita 900. Kwa mwendo wa hatua mbili kwa sekunde, wimbo mzima unachukua sekunde 672, dakika 11 na kidogo. Mwandishi akarudi kwenye ramani yake na kuandika kwamba fungu la mchanga lina urefu wa mita 900. Tangu hapo wimbo ukawa na kazi ya pili. Unahesabu siku kwa muda wa siku 84, na usiku wa Mvuko unapima njia: ukianza kuimba mguu wako wa kwanza unapogusa mchanga, unamaliza unapopanda kisiwa cha pili. Ukimaliza wimbo na bado unaona mchanga mbele yako, unachelewa, kaza mwendo.

Nadhani hapa ndipo thamani ya kumwita manju inapoonekana. Sisi wa vitabu tulikuwa tumeufikisha wimbo kwenye kalenda. Aliyeutia miguuni ni mtu ambaye maisha yake yote ameimba akiwa anatembea au anacheza, na hakuhitaji kusoma daftari la mtu.

Kipingamizi kikubwa kilitoka kwa mtu mwingine kabisa. Mwandishi na fundi sauti walikwenda pwani ya Kunduchi kurekodi sauti ya maji na miguu kwenye mchanga. Wakaongea na mvuvi mmoja mzee, mwandishi akamweleza Telewani na miezi yake miwili. Mzee alisikiliza kwa heshima mpaka mwisho, kisha akauliza: miezi yote ikiwa haipo, je? Mwandishi akajibu kwamba usiku huo hakuna kitu, ni giza tu.

"Mwanangu, maji hayangoji mwezi uonekane. Mwezi ukiwa mpevu ni bamvu, ukiandama ni bamvu. Huko kwenu gizani bahari inakwenda wapi?"

Ni kweli tupu. Bamvu huja mara mbili kwa kila mwezi wa angani, mwezi unapojaa na mwezi unapokuwa gizani karibu na kuandama, kwa sababu mara zote mbili jua, dunia na mwezi vimekaa kwenye mstari mmoja na mvuto wao unashirikiana. Maji mafu, yanayojaa na kupwa kidogo, huja kati ya hapo. Kwa Telewani maana yake ni nzito. Siku ya 42 Bibi amezunguka mara moja na nusu, Mjukuu mara tatu na nusu. Wote wawili wako gizani kwa pamoja. Bahari inapwa usiku ule sawasawa na usiku wa Mvuko, na njia ya makaburini inafunguka wazi, na hakuna mwanga hata chembe.

Rasimu ilikuwa na mstari wa 42 kama mistari mingine, unaozungumzia kukausha dagaa. Haukuweza kubaki.

Maoni yaligawanyika. Mmoja wa waandishi alitaka miezi ibadilishwe namba ili isikutane gizani. Nilipinga kwa nguvu, na bado napinga. Msikilizaji aliyekulia Mbagala huenda asijue hesabu ya miezi miwili, lakini mvuvi anajua, na binti wa mvuvi anajua, na watu hao ndio tunaowaandikia. Ulimwengu wa kubuni una haki ya kuongeza mwezi angani. Ukishauongeza, ukubali yote ambayo mwezi huo unafanya kwa maji. Zaidi ya hapo, kitu kilichotokea chenyewe ndani ya hesabu, bila mtu kukipanga, huwa na nguvu kuliko tulichokipanga.

Mwandishi ndiye aliyelipata jibu. Njia inafunguka na walio hai hawavuki. Basi usiku ule ni zamu ya upande wa pili. Waliozikwa ng'ambo ndio wanaovuka kuja kututazama, na ndiyo maana kukawa giza, ili tusiwaone wakipita milangoni. Watu wa Telewani usiku wa siku ya 42 hawafungi milango kwa komeo na hawatoki nje.

Na wimbo? Mstari wa 42 si wetu kuuimba. Ubeti wa 11, ambao una beti 10 nyuma yake na 10 mbele yake, ukaandikwa hivi:

Bibi kafunga mlango
. . . . . . . .
Mtoto anyosha shingo
Magharibi ya jioni

Sikio la Mswahili linafanya kazi ya ziada hapa bila kuombwa. Mlango umeshafungua kina cha -ngo, na sikio linadai cha pili. Hakiji. Kinakuja cha tatu, shingo, na deni linabaki palepale. Mistari miwili ya mwisho ni mwezi mdogo ukiandama: Mjukuu ndiye mwenye mbio, kwa hiyo ndiye anayeonekana kwanza upande wa machweo, mwembamba, siku moja au mbili baada ya giza.

Kiitikio kilizua mjadala mrefu kuliko mstari wenyewe. Vijana waliona kwamba mstari usipoimbwa, kiitikio nacho kikae kimya, maana utaitikia nini? Bibi wa Magomeni alikataa. Alisema wao wameimba mstari wao, sisi hatukuusikia, na adabu ni kuitikia. Kwa hiyo baada ya kimya, watu wote wanaitikia: Tembea, maji yalala. Wanawaambia wazee wao watembee. Maneno ambayo kwa mistari mingine yote walio hai wanaambizana wenyewe, hapo yanageuka kuwa ruhusa na ukaribisho. Kwa maoni yangu hiki ndicho kitu bora kuliko vyote katika wimbo huu, na kimetoka kwenye kanuni ya kawaida kabisa ya ngoma zetu, kwamba anayeimba haachwi bila kuitikiwa.

Fundi sauti alikuwa na wasiwasi wake, na ulikuwa wa haki. Simulizi inasikilizwa kwenye daladala, jikoni, kwenye foleni ya pantoni ya Kigamboni. Sekunde 4 za kimya kwenye simu maana yake ni kwamba mtandao umekatika. Mtu ataitoa simu mfukoni kuangalia. Sogora, fundi wetu wa kupiga ngoma, akapendekeza chapuo ijaze nafasi kwa kugonga taratibu. Lakini chapuo ni Mjukuu, na Mjukuu usiku ule hayupo. Suluhisho lilikuwa limeshakusanywa Kunduchi: nyayo. Sauti ya miguu kwenye mchanga wenye maji inasikika chini ya wimbo mzima, hafifu. Kwenye mstari wa 42 sauti za watu zinatoweka, ngoma zimenyamaza, na nyayo zinaendelea, hatua 8, zikisikika vizuri kwa mara ya kwanza. Msikilizaji hahitaji kuambiwa ni miguu ya nani.

Wimbo wote hauwezi kukaa ndani ya sehemu moja ya simulizi. Sehemu ya Mvuko inatumia ubeti wa 1, wa 11 na wa 21, na mazungumzo yanapita juu ya beti nyingine zikiendelea kuimbwa kwa mbali. Wimbo mzima utatolewa peke yake.

Ubeti wa mwisho ni huu:

Zimebaki siku tatu
Vueni vyenu viatu
Iteni jamaa zetu
Wote wawili angani

Bibi wa Magomeni hakuruhusu ubeti huu uimbwe kwenye mazoezi. Mazoezi yote yaliishia ubeti wa 20. Kwake wimbo wa kufunga jambo ukishaimbwa mpaka mwisho umefunga, na huwezi kufunga kila Jumamosi jioni uani kwa watu halafu ukategemea siku yenyewe maneno yawe na uzito. Kikundi kilikubali, wengine kwa shingo upande. Nilivyosikia rekodi nilimwelewa: sauti za wale vijana kwenye "Wote wawili angani" zina mshituko wa watu wanaofika mahali kwa mara ya kwanza.

Tatizo ni kwamba siku ya kurekodi, mwisho wa ubeti huo, vumi iliingia nyuma ya chapuo kwa kipande kidogo cha sekunde. Ni ngoma mbili ambazo wimbo mzima umekuwa ukizileta pamoja, na hazikukutana. Sogora alitaka kurudia. Bibi alikataa katakata. Nilikuwa upande wa sogora, kwa kuwa msikilizaji amehesabu beti 21 akingoja pigo moja, na akipewa mawili amepunjwa. Baada ya mashauriano marefu fundi sauti aliuliza kama kinachofunga ni maneno au ni ngoma. Bibi akasema ni maneno. Basi waimbaji wakaruhusiwa kwenda kunywa chai, na sogora na mwenzake wakabaki studio wakagonga pigo lile peke yake, bila sauti ya mtu, mpaka likawa moja, likapandikizwa juu ya sauti zilizokwisha kuimbwa.